Siku Kumi na Tisa za Mto

Mto wetu ndio mpaka. Ng'ambo ni nchi nyingine, huku ni kwetu. Makubaliano ya nchi hizi mbili hata mtoto wa darasa la nne anayaelewa: mto ukihama polepole, mpaka unaufuata, ukiruka ghafla, mpaka unabaki kwenye mkondo wa zamani.

Msimu uliopita wa mvua mto ulihama. Ulikuwa ukipita mbele ya nyumba ya mama yangu, sasa unapita nyuma. Mama akabaki katikati na ekari zake nne, mihogo yake na choo chake. Tume ya nchi mbili ilitakiwa kuamua: ulihama polepole, au uliruka? Wakisema polepole, mama yangu, mwenye miaka sabini na moja, anaamkia ugenini bila kutoka kitandani.

Mimi ndiye mpimaji wa kina cha mto huo. Kwa miaka sita nimekuwa nikishuka ukingoni kila asubuhi, nasoma maji yamefika wapi kwenye ubao wa namba, naandika daftarini, kisha nahamishia kwenye grafu ofisini. Na mimi ndiye niliyeharibu.

Mto ulipohama nilikuwa wodini. Binti yangu alishikwa na nimonia nikakaa naye. Niliporudi kazini, siku kumi na tisa hazikuwa na namba. Kabla yake, mita nne na ushee. Baada yake, mchanga mkavu. Ofisini kwetu nafasi tupu ni uzembe, na sote tuna dawa moja: chukua rula, unganisha namba ya mwisho na inayofuata, nenda kanywe chai. Nikauchora mstari, nikaukazia wino. Grafu ikapelekwa pande zote mbili, na mtu yeyote aliyeitazama aliona maji yakipungua taratibu, kama mgeni anayeaga.

Nilipogundua nilichofanya nilikwenda kwa bosi, ambaye tukimsengenya tunamwita Rula. Akafunga mlango. Akanieleza kwamba nikifungua mdomo, kumbukumbu zote za ofisi zitatiliwa shaka, si zangu tu.

"Usituvue nguo hadharani, dada."

"Mficha uchi hazai," nikamjibu. "Na mimi nimezaa watatu."

Jumapili nikamwambia Mama. Aliendelea kumenya mihogo hadi nilipomaliza.

"Yaani nilale kwangu kwa kibali, kisa rula?"

"Ndiyo, Mama."

"Na ukisema, watakufukuza?"

"Huenda."

"Basi sema kwa sauti. Wewe ukiwa na kosa huwa unamung'unya maneno."

Tume ilikaa Jumatano, kwenye chumba chenye viti vya plastiki na feni iliyogonga kila ilipozunguka. Mtaalamu wa ng'ambo, mama mwenye miwani na sauti ya upole, alibandika grafu yangu ukutani, akafuata mstari kwa kidole. Siku kumi na tisa, alisema, mto ulihama polepole. Sikumlaumu. Alisoma nilichoandika.

Nikasimama. Nikasema mstari ule si maji, ni rula yangu. Nikafungua daftari la ukingoni na kuwaonyesha kurasa ambazo hazina kitu. Bosi aliinamia viatu vyake.

"Kwa hiyo ulidanganya," mtaalamu akasema.

"Siku kumi na tisa, ndiyo. Nyingine zote nilisoma kwa macho yangu."

"Na mimi nitajuaje kama mto uliruka?"

"Hutajua kwa karatasi yangu. Twende ukaone."

Alivua viatu akavaa mabuti, jambo lililonifanya nimheshimu. Tukavuka kwa mtumbwi hadi kwa Mama. Niliwaambia wajumbe waangalie kitu kimoja tu. Mto unaohama polepole hula. Unamega ukingo leo, kesho unamega tena, na pale ulipopita unaacha mchanga mtupu. Kama mto huu ungetembea kutoka mbele ya nyumba hadi nyuma, ungepita juu ya nyumba.

Nyumba ilikuwepo. Mihogo ilikuwa kwenye matuta yake, mikubwa, ya mwaka na nusu. Choo kilisimama wima, na Mama alikuwa amesimama mlangoni pake kama mlinzi.

"Karibuni," akawaambia, akakinyooshea choo kidole. "Mkitaka kupima na hiki, kina futi ishirini."

Mtaalamu alicheka, kisha akaomba jembe. Alichimba mwenyewe, sehemu tatu. Kila shimo lilitoa udongo uleule mweusi wenye mizizi. Hakuna hata tabaka moja la mchanga wa mto. Akaufikicha vidoleni, akatazama mkondo mpya, kisha ule wa zamani. Akaandika mstari mmoja na kumpa mwenyekiti wa tume: mto uliruka, mpaka ubaki ulipokuwa. Chini yake akaongeza kwamba takwimu zetu za miaka sita zikaguliwe upya, siku kwa siku.

Kwenye gari bosi hakunitazama. Akasema barua yangu ya onyo itakuwa mezani kwangu kufikia Ijumaa, na pengine kikao cha nidhamu.

"Iandike leo," nikasema. "Kesho asubuhi sipo. Nakwenda kuchimbia ubao kwenye mkondo mpya, na pale maji yanafika kifuani. Kama una mtu mwingine wa kuingia, mtume."

Hakuwa naye.