Zamu ya Mivukuto

Wageni waliokuja kusikiliza kinanda walimwamkia shikamoo bibi, wakidhani ni mama mzazi wa Mtunzi, naye Mtunzi hakuwahi kuwasahihisha. Alikuwa mkewe. Alikuwa na miaka thelathini na sita, mgongo umepinda, meno yamebaki manne. Kabla ya kuolewa alikuwa fundi viatu mwenye kibanda chake na ulimi wake, na wateja walimwogopa.

Mtunzi naye alianza kama fundi saa. Alivunja saa mia moja, akatia magurudumu yake ndani ya kinanda, kisha akatunga nyimbo za kuyazungusha kinyume. Mkewe ndiye aliyeshona mivukuto ya kukipulizia hewa, pamoja na mabomba mawili ya ngozi, moja la kunyonya na moja la kutoa. Aliyeshika mpini na kuvukuta alinyonywa miaka yake, na kila mwingine aliyesikia muziki alirudishiwa ya kwake. Wazee waliingia na mikongojo wakaisahau mlangoni. Mtunzi, aliyesikia kila siku, alibaki kijana wa ndevu za kwanza, na kwenye kioo alikaa muda mrefu kuliko bibi harusi. Mkewe alivukuta miaka tisa kwa kuwa alifundishwa kwamba ndoa ni kuvumilia. Wapo wanaofundishwa hivyo mpaka leo, shauri yao.

Kisha bega la mke likafa, mkono ukaning'inia tu. Mtunzi hakuuliza hali. Alimwita binti yao wa miaka kumi, ambaye saa za kinanda siku zote alikuwa shuleni, akamwonyesha mpini, akamwambia asiuache mpaka wimbo uishe. Mke akamsihi atafute mtu wa nje. Mtunzi akajibu, kwa upole wake ule wa kuudhi, kwamba siri ya nyumba haipewi kibarua.

Asubuhi ya mazoezi ya kwanza ya binti, Mtunzi akiwa bado ananyoa, mke alipiga magoti nyuma ya kinanda na sindano yake ya viatu. Kwa mkono mmoja na meno yake manne alifumua mabomba akayabadilisha, la kunyonya likawaelekea wasikilizaji na la kutoa likamwelekea mvukutaji. Miaka tisa hakuwahi kuwaza kujifanyia hivyo mwenyewe. Kwa mwanawe aliwaza mara moja tu. Mtoto hatazeeka, na mwanamume yule ataonja alichompikia mwenziwe. Zaidi ya hapo hakufikiri.

Binti alikuja na gauni lake la shule, akaushika mpini kwa mikono miwili.

"Mama, nikichoka je?"

"Niite tu, mwanangu. Nitakuja hapo hapo."

Halafu akajitia pamba masikioni, akaisukuma kwa kidole mpaka ndani kabisa, maana sasa kila asikiaye angenyonywa, na yeye miaka iliyombakia ilikuwa ya kuokoteza. Angeweza kwenda jikoni. Alisimama mlangoni, mahali pa kuuona uso wa mumewe vizuri.

Mtunzi alifumba macho kama kawaida yake, akaanza kupiga. Mara nywele za juu ya paji la uso zikawa nyeupe. Mashavu yakashuka. Ngozi ya shingo ikalegea ikaning'inia kwenye kola. Mke alifurahi, tusimsingizie huruma. Kila kunyanzi lilipotokea alilipokea kwa jina lake: hili la jino langu, hili la mgongo wangu, hili la shikamoo bibi. Alimtazama mumewe tu, wimbo mzima, na upande wa mivukuto hakugeuza jicho hata mara moja.

Hewa ilipokwisha, Mtunzi alifumbua macho, akaiona mikono yake. Mke akacheka, akachomoa pamba. Ndipo aliposikia mtoto mchanga analia.

Alizunguka nyuma ya kinanda. Mpini ulikuwa umeachwa, na mivukuto iliyokuwa imejaa hewa ilikuwa imeumalizia wimbo yenyewe. Sakafuni palikuwa na viatu viwili alivyovishona kwa mkono wake, na gauni la shule, na ndani ya gauni kitoto cha siku moja, kitovu bado kibichi. Waliorudishiwa zamani wote walikuwa watu wazima, wenye pa kurudi. Wa kwake alikuwa na miaka kumi tu.

Alimwinua kwa mkono ule mmoja. Kitoto kikageuza kinywa kutafuta ziwa, na ziwa lilikuwa limekauka zamani.

Mtunzi alimtazama mkewe, kisha akaitazama pamba iliyoanguka mlangoni. Sauti yake sasa ilikuwa ya kikongwe.

"Alikuwa anakuita," alisema. "Tangu mwanzo. Kakuita mpaka akawa hawezi tena kutamka. Mimi nikadhani anadeka. Mbona hukuitika?"