Wifi Hakuja Mahakamani

Karani alitoka mlangoni, akaliita jina la mlalamikaji kwa sauti ya kumwamsha maiti, kisha akarudi peke yake. Kizimbani, Fundi, mshona nguo, alikaza vidole kwenye mbao. Yeye alikuwa amefika kila tarehe iliyopangwa. Wifi yake, aliyemshtaki, hakuonekana hata mara moja.

Kesi ilizaliwa na pasi. Fundi alikuwa ananyoosha gauni la mteja, wifi akaja juu, eti umeme wa nyumba nzima unaliwa na mtu mmoja. Akaikamata pasi, Fundi akaivuta, wifi akajikwaa kwenye waya, akaanguka, na pasi ikamlalia mkononi. Lakini mama mkwe alipoingia mbio, wifi alikuwa tayari na maneno: "Kanichoma! Mke wa kaka kanichoma!"

Tangu hapo Fundi akawa mtu wa dhamana. Hakuruhusiwa kutoka nje ya mji; dada yake alipojifungua mapacha, aliwaona kwenye simu tu. Wateja walikuja kuchukua vitambaa vyao ambavyo havijashonwa, macho chini. Na nyumba ilikuwa ileile: jiko moja, choo kimoja, wifi na bandeji yake upande wa pili wa pazia. Mume wa Fundi alijitia kiziwi. "Nikisema hivi nakosa, nikisema vile nakosa," ndiyo ilikuwa hoja yake.

Hakimu alivua miwani. "Mlalamikaji anajua kuwa kesi ni leo?"

"Anajua, mheshimiwa," karani alijibu. "Wito alipokea mwenyewe."

"Ameleta udhuru wowote?"

"Hajaleta."

"Basi, kwa kuwa mlalamikaji hakufika na hakuna sababu, mshtakiwa nakuachia huru."

Fundi hakusogea. "Mheshimiwa, naomba aitwe tena."

Watu kwenye mabenchi walicheka chinichini. "Mama, umeelewa?" hakimu aliuliza. "Kesi imekwisha. Hawezi kukushtaki tena kwa jambo hili."

"Imekwisha bila mtu kusema kwamba sikumchoma. Nataka aje aape, aulizwe, na mimi niulizwe."

Hakimu alifunga jalada, bila ukali. "Mahakama haiwezi kukufanyia hilo. Nenda nyumbani, mama."

Nyumbani ndiko alikokuwa wifi, jikoni, anasugua sufuria.

"Mbona hukuja?" Fundi alimuuliza.

Wifi hakugeuka. "Ningekuja wangeniapisha."

"Na ukiapishwa?"

"Siwezi kushika kitabu cha Mungu nikasema uongo. Nina watoto mimi."

Fundi alimsogelea. "Kumbe unajua! Basi mwambie mama. Tumwite sasa hivi."

"Nimwambie nini? Ameshautangazia mtaa mzima. Niwe kichekesho?" Wifi alisuuza sufuria, akaifunika. "Umeachiwa. Unataka nini tena? Shukuru."

Mama mkwe akatokea mlangoni. "Kelele za nini?"

Fundi alimkazia macho wifi, akangoja.

"Hakuna kitu, mama," wifi akasema. "Mwenzetu anajisifu kashinda kesi."

"Si kweli, mama! Amekiri hapa hapa kwamba—"

"Nyamaza! Mwanangu kakuonea huruma, hakwenda, nawe unamgeuzia kibao? Mahakama imekuachia. Mimi sijakuachia."

Mumewe aliporudi kutoka kazini, Fundi alimvuta chumbani, akamsimulia yote, kila neno la jikoni. Mume alivua viatu, akavipanga chini ya kitanda polepole kuliko ilivyohitajika.

"Yaishe, mke wangu. Si tumeshapumzika?"

"Yaishe vipi? Kuondoka siwezi. Nikitoka humu watasema nimekimbia aibu. Nikikaa, ndiyo haya. Niambie wewe basi: unaamini nilimchoma?"

"Mahakama imekuachia," mume alisema. "Haitoshi?"

Fundi alisubiri amalizie. Mume alijilaza, akageukia ukutani, na upande wa pili wa pazia mtu akakohoa taratibu, karibu sana, kama aliyekuwa akisikiliza.