Siku Tatu Kabla ya Kuthibitishwa

Jumanne ya tarehe tisa, saa nne kasoro robo asubuhi, nilifungua mdomo mahali pa kuufunga, na tangu hapo usingizi ukanihama.

Nilikuwa ofisini kwa mkuu wa shule, nimepiga magoti, natengeneza droo ya meza yake iliyogoma kufunga. Mimi ndiye seremala wa shule. Niliishia darasa la nne, lakini hakuna msomi hapo ambaye hajakalia kazi ya mikono yangu. Binti yangu anafundisha hesabu shule hiyo hiyo. Alikuwa anamaliza miaka miwili ya majaribio, na Ijumaa bodi ingekaa kuamua athibitishwe au aondoke.

Kwa asiyejua, mwalimu wa majaribio hufukuzwa kwa barua ya mistari miwili, bila sababu. Akishathibitishwa, anayetaka kumtoa lazima aseme kosa lake, alete ushahidi, na mwalimu ajitetee. Basi, ni hilo tu. Na hilo tu mama wa binti yangu hakulipata. Marehemu mke wangu alifundisha miaka kumi na tisa kwa mikataba ya mwaka mmoja mmoja. Kila mwaka ukielekea kwisha, alikuwa anawachekea watu asiowapenda. "Mwalimu asiyethibitishwa ni mpangaji," aliniambia. "Hata msumari ukutani anapiga kwa ruhusa." Mwaka wake wa mwisho walimlazimisha kumpa mtoto wa mkubwa mmoja alama zisizo zake. Aliugua, akafa bado anaitaja karatasi ya mtihani ya mtoto yule. Wakubwa hawakuja mazikoni. Walituma mtu kuulizia ufunguo wa kabati lake la shule.

Sasa nipo chini ya meza, mkuu anasema, "Fundi, zungumza na binti yako. Mtoto wa mwenyekiti wa bodi kapata kumi na nane kati ya mia. Arekebishe kidogo kabla ya Ijumaa."

Binti yangu alishanionya: "Baba, nimemwambia mkuu nitazipitia upya alama hizo. Sijakataa, sijakubali. Barua yangu ikishatiwa sahihi, ndipo nitampa jibu. Wewe nyamaza tu."

Kunyamaza! Nilimwona mama yake mbele ya macho yangu. Nikainuka, bisibisi mkononi.

"Subirini hiyo Ijumaa! Akishathibitishwa, alama haziguswi, na hamtamfanya kitu!"

"Kumbe ndivyo mlivyopanga," mkuu akasema taratibu, akaisukuma droo. Ilifunga vizuri kabisa.

Jioni nilimkuta binti yangu mezani anasahihisha madaftari. Nikamweleza. Kalamu ikamponyoka.

"Umemwambia nani, baba?"

"Mkuu. Limenitoka tu, mama."

"Siri ya watu wawili, wa tatu unamchagua yeye! Huo msumeno wako ungeanza na ulimi."

"Nisamehe."

"Yameshamwagika, baba. Kula, chakula kinapoa." Yeye mwenyewe hakula.

Jumatano hakuna aliyemsemesha kwenye chumba cha walimu. Alhamisi karani akamwomba arudishe ufunguo wa kabati, "kwa ukaguzi tu." Aliponieleza, niliiweka nyundo chini. Ufunguo tena!

Ijumaa nilijitafutia kazi kwenye korido, nikawa napiga randa mlango usio na tatizo, jirani na chumba cha mkutano. Binti yangu alikaa kwenye benchi, mikono mapajani. Ndani sauti zilisikika.

"Tukiwathibitisha wanalala," alisema mkuu. "Mtazameni Blanketi."

Wakacheka. Blanketi ni mwalimu wa historia, mwakilishi wa walimu kwenye bodi, alithibitishwa zamani mno. Husinzia mchana kweupe. Hata mimi nimemcheka miaka mingi.

"Nalala, ndiyo," sauti ya Blanketi ilijibu. "Ila nikiamka nasema nilichokiona, na hamna la kunifanya. Nimezihesabu mwenyewe alama za karatasi ya yule mtoto. Ni kumi na nane. Kuna mwingine humu anayeweza kulisema hilo mbele ya baba yake?"

Randa ikasimama mkononi mwangu. Nilimwonea haya mzee wa watu.

Mlango ukafunguliwa, binti yangu akaitwa. Wakubwa hawakujali hata kuufunga. Seremala si mtu wa kufichwa. Nikasogea hadi mlangoni, nikaiona barua mezani, imeandikwa jina lake, pa sahihi peupe. Mwenyekiti, baba wa mtoto yule, alikuwa ameshika kalamu, kifuniko kimetolewa.

"Baba yako anasema tukitia sahihi hapa hatuna letu tena," alisema. "Ni kweli?"

Binti yangu aliitazama kalamu. Kisha akageuka, akanitazama mimi mlangoni, na vumbi la mbao usoni. Nilitaka kumwambia kitu. Mara hii ulimi ulikuwa mzito kama gogo.

Mwenyekiti akaishusha kalamu hadi ikakaribia kugusa karatasi, akaiacha hapo.

"Nakuuliza, mwalimu. Tukikuthibitisha leo, kesho utatusikiliza?"