Bendera Iliyofuliwa kwa Majivu

Siku chache kabla ya sikukuu ya kuzaliwa kwa Kiongozi, Walburga Stadelmann alipanda darini kuiteremsha bendera nyekundu ya chama, akakuta njiwa wameichafua. Aliitandaza sakafuni, akaikagua kama mtu anavyokagua gunia la viazi. Mwaka uliotangulia, Eugen Röck, mwenyekiti wa chama pale kijijini Hinterried, alisimama katikati ya barabara akasema kwa sauti kwamba bendera ya nyumba hii ina masizi, na kwamba mwanamke asiyeweza kutunza bendera, hata sufuria zake hazifai kuangaliwa. Maneno kama hayo mwanamke wa Hinterried hayasahau.

Mizinga ya Wamarekani ilikuwa ikisikika mchana kutwa kutoka upande wa mtoni. Kila mtu alijua kwamba vita vimeshindwa, na hakuna aliyethubutu kutamka. Hata hivyo, Walburga aliona kwamba uchafu ni uchafu, akaamua kuifua.

Sabuni ya mgawo wakati huo ilikuwa udongo mtupu, inakwaruza mikono wala haitoi povu. Basi akafanya kama alivyofundishwa na mama yake: alichukua majivu ya jikoni, akayafunga katika kitambaa, akayamwagia maji ya moto, akayaacha yatulie. Kisha aliiloweka bendera katika pipa la kufulia ambalo mumewe Gebhard, fundi wa mapipa, alimtengenezea walipooana.

Asubuhi maji yalikuwa mekundu, na bendera ilikuwa nyeupe. Haikuwa imefifia, wala haikuwa na mabaka. Ilikuwa nyeupe kama kitambaa cha altare. Wekundu wote ulikuwa umetoka, na ule msalaba mweusi wa chama umetoka pia, na duara la katikati, ambalo tangu zamani lilikuwa jeupe, lilitambulika kwa mshono wake tu. Walburga aliikamua, akaitundika juu ya jiko ikauke, akaenda kuwalisha nguruwe.

Gebhard alirudi mchana kutoka darajani. Alikuwa na miaka karibu sitini na mapafu mabovu, lakini walimvika kitambaa cha mgambo mkononi, wakampeleka pamoja na wazee wenzake kupanga magogo barabarani ili kuzuia vifaru.

"Kizuizi kimekwisha?" Walburga aliuliza.

"Kimekwisha. Wamarekani watachelewa sana pale. Kwanza watacheka, wakishamaliza kucheka ndipo watakivuka." Akavua kofia. "Shuka la nani hilo?"

"Si shuka. Ni bendera."

Gebhard alisogea, akapapasa pindo kwa vidole. "Mshono ni wenyewe," alisema. "Umeitia nini?"

"Majivu."

"Majivu gani?"

"Ya kuni zetu. Yaleyale ya siku zote."

Akaketi mezani, akavuta bakuli la supu. "Basi ilikuwa imeshachoka," alisema, akaanza kula.

Lakini Walburga alikwenda kulifunga pazia la dirisha. Ukutani mwa posta palibandikwa tangazo: nyumba yoyote itakayoonekana na kitambaa cheupe dirishani, wanaume wake wote watauawa. Katika nyumba ya Stadelmann mwanamume alikuwa mmoja tu. Wa pili, mtoto wao Lorenz, alibaki kwenye theluji ya Urusi. Huyu wa jikoni Walburga hakuwa tayari kumtoa, si kwa Kiongozi wala kwa mwingine yeyote.

Kwa hiyo wakajaribu kuirudishia rangi. Waliichemsha na viazisukari vyekundu vya bustanini, ikatoka nyeupe. Gebhard alileta kopo la rangi ya kupakia pete za mapipa, na rangi ikateleza mpaka chini kama maji juu ya nta, ikafanya dimbwi sakafuni. Jirani yao Philomena Haug, aliyekuja kuomba moto, aliwakuta wamepiga magoti wote wawili, akaweka koleo lake kando, akawashikia kopo.

"Mkiitundika hivi, Gebhard atakufa," alisema. "Msipoitundika, ataulizwa."

"Ndiyo maana tunapaka," Walburga alisema.

"Ichomeni."

"Kuchoma bendera ni kosa kubwa zaidi," Gebhard alisema. "Hilo nalo limebandikwa."

Mwishowe Walburga ndiye aliyepata la kufanya. Bendera zote za kijiji zilishonwa na mke wa Röck mwenyewe, kwa mshono wa mgongo wa samaki ambao hakuna mwingine aliyeujua, na Röck alijisifia mshono ule miaka nenda miaka rudi. "Tutaiacha ndani," alisema. "Wakiuliza, tunamwita Eugen. Ataushika mshono, atasema ndiyo, ni yenyewe, imefuliwa tu. Mlikuwa pamoja vita vile vya kwanza, na ulimbeba mgongoni alipojeruhiwa."

"Nilimbeba," Gebhard alisema. Wakalala na tumaini hilo.

Siku ya sikukuu barabara nzima ilikuwa nyekundu, isipokuwa dirisha moja. Asubuhi hiyo kikosi cha wanajeshi waliokuwa wakirudi nyuma kilisimama kijijini kutafuta mafuta ya lori. Kiliongozwa na afisa mmoja kijana, mpole, aliyekuwa amekaukiwa sauti. Alitembea barabarani na Röck pembeni yake, Röck akiwa ndani ya sare yake ya kahawia, miwani puani. Walifika mbele ya nyumba ya Stadelmann, wakasimama.

"Hii mbona haina bendera?" afisa aliuliza.

Walburga alikuwa tayari mlangoni. "Imefuliwa, bwana afisa, na rangi imetoka." Aliwaingiza jikoni, akaishusha kutoka juu ya jiko, akaiweka mezani.

Afisa aliitazama pande zote mbili. "Mwezi huu nimeona mengi," alisema. "Rangi kutoka, sawa." Akamgeukia Röck. "Mwenyekiti, hii ni bendera ya kijiji chako?"

Röck aliinua pindo, akalisogeza karibu na miwani. Kidole gumba chake kilitembea polepole juu ya mshono wa mgongo wa samaki, kikafika kwenye duara, kikalizunguka lote. Walburga hakuangalia uso wake, alikiangalia kidole kile, na akaona kimeelewa. Nyumbani kwa Röck, kama alivyopata kuambiwa na Philomena, shuka jeupe lilikuwa limeshapigwa pasi na kufungwa kwenye mti wa ufagio, likisubiri chini ya kitanda.

"Siitambui," Röck alisema.

"Eugen," Gebhard alisema. "Hii ni kazi ya mkeo."

"Siitambui," Röck alisema tena, akaikunja vizuri, ncha kwa ncha.

Afisa alifikiri kidogo. Alikuwa mtu wa utaratibu. Tangazo lilisema kitambaa kionekane dirishani, na hiki kilikuwa juu ya jiko, na yeye hakutaka kumwonea mtu. Akamwamuru askari apande ghorofani akitundike nje. Kisha wote wakatoka mpaka barabarani, Walburga na Gebhard nao wakitolewa, wakainua vichwa. Kitambaa kilining'inia cheupe kati ya bendera nyekundu za majirani.

"Sasa kimeonekana," afisa alisema.

"Mmekitundika ninyi," Gebhard alisema.

"Dirisha ni lako."

Wakampeleka kwenye ghala la nafaka, penye boriti inayotokeza juu ya mlango kwa ajili ya kupandishia magunia. Kamba ilikuwapo tayari, na puli yake ilikuwa imepakwa mafuta vizuri. Gebhard aliomba avae kofia yake, mkewe asimwone akiwa kichwa wazi, na afisa akamruhusu. Nyuma ya kila bendera nyekundu kulikuwa na mtu anayechungulia, na hakuna dirisha lililofunguliwa. Walburga alilia kwa sauti, kilio kile ambacho mtu hajali kinasikika na nani. Alimchukia afisa, lakini alimchukia Röck zaidi, kwa sababu afisa hakumjua Gebhard.

Lori lilipata mafuta, na jioni hiyohiyo wanajeshi wakaondoka. Amri yao ikabaki. Walisema maiti isishushwe, na watu wa Hinterried walikuwa wamezoea kutii amri hata kama aliyeitoa hayupo. Walburga alizunguka mlango kwa mlango akiomba ngazi na mtu wa kumshikia. Ngazi alipewa.

Wamarekani walifika baada ya siku mbili. Asubuhi hiyo bendera zote za barabarani zilikuwa nyeupe. Hakuna aliyezifua wala kuzigusa. Zilibadilika zikiwa pale pale madirishani, na ile kubwa ya shuleni, ambayo ilikuwa ya Röck, ndiyo iliyokuwa nyeupe kuliko zote. Mke wa Röck alilitoa shuka chini ya kitanda, akalirudisha kabatini. Vifaru vilivuka magogo ya darajani, vikaingia kijijini bila risasi hata moja, na askari waliokaa juu yake waliwapungia watu mikono. Ni Mmarekani mmoja, asiyejua neno la Kijerumani, aliyesimamisha gari mbele ya ghala, akapanda ngazi na kumshusha Gebhard mikononi.

Baada ya mazishi, watu walianza kuja kwa Walburga mmoja mmoja, na vikapu vilivyofunikwa. Ndani mlikuwa na koti la kahawia, au kofia, au kitambaa cha mkononi. Nguo zenyewe zilikuwa nzuri, za kabla ya vita, na kuzitupa ingekuwa hasara. Walileta mayai na unga. Walburga alijikaza kisabuni, akafua, kwa sababu alikuwa na njaa na kwa sababu hao walikuwa na kosa la kuchungulia tu. Zikatoka nyeupe zote, zikaanikwa uani.

Röck alikuja wa mwisho. Wamarekani walikuwa wametafuta mtu anayekijua kijiji, wakaambiwa kwamba anayekijua kuliko wote ni yeye, wakamweka kusimamia mgawo wa maziwa. Akaweka sare yake mezani, pale pale ilipowekwa bendera.

"Hii sichukulii mayai," Walburga alisema. "Nataka useme uliutambua mshono. Useme hivyo kanisani, watu wasikie kwamba Gebhard hakufanya lolote."

"Bibi Stadelmann, siku ile sikuwa na miwani."

"Ulikuwa nayo, Eugen. Ya mbao."

Akaikunja sare, ncha kwa ncha, akaondoka nayo. Mkewe aliifua mwenyewe kijitoni, kwa maji baridi, bila majivu wala sabuni. Ikatoka nyeupe.

Sikukuu ya Ekaristi iliangukia mwisho wa Mei, na ilikuwa mara ya kwanza baada ya miaka mingi padri kuruhusiwa kuandamana barabarani. Watu wote wa Hinterried walijitokeza na nguo zao nyeupe. Wanaume wanne walibeba miti ya mwavuli wa hariri juu ya padri, na wa mbele kulia alikuwa Röck, katika koti jeupe lililomkaa sawasawa. Walipopita mbele ya ghala, hakuna aliyeinua macho kwenye boriti.

Walburga alitembea na wanawake, katika vazi lake jeusi la ujane. Philomena alimsogelea, akainamisha kichwa kama anayesali.

"Mwenzangu, usinielewe vibaya," alisema. "Si uifue na hiyo nyeusi? Watu wameanza kusema unawasuta."

"Nimeifua," Walburga alisema. "Naifua kila Jumatatu."