Tanuri la Koridoni

Pelagia alikuwa ameichoka ile nyumba mpaka basi. Isack, mumewe, aliinunua kwa sababu moja tu: ni ya zamani. Wenzao wa huku ughaibuni wananunua nyumba mpya kule Mansfield, nje kidogo ya mji, kila kitu cha kubonyeza. Yeye akaenda kung'ang'ania nyumba ya mbao ya Fort Worth iliyojengwa kabla babu yake hajazaliwa. Na alichokipenda kuliko vyote ni tanuri la gesi lililofukiwa chini ya sakafu ya korido, likafunikwa wavu wa chuma ili joto lipande lenyewe. Kila mgeni lazima asimamishwe pale.

"Feel that! Hii ni original. Siku hizi hawatengenezi."

Hiyo original ilikuwa inazimika kila asubuhi. Februari ile baridi iliingia kwa fujo, na Elia, mtoto wao aliyekuwa ndiyo kwanza anaanza kutambaa, akawa analala na koti kama mlinzi. Fundi akaitwa, akawasha, akaondoka. Kesho yake, baridi vilevile. Akaitwa tena. Safari hii aliingiza mkono chini ya wavu, ukatoka umelowa. Akasema kuna mtu anamwaga maji humu.

Pelagia hakuhitaji kuuliza ni nani. Mama mkwe wake alikuwa amekuja kutoka Machame kumlea mjukuu, na kwake nyumba haijasafishwa mpaka ipigwe deki: ndoo, maji tele, tambara, mgongo umeinama kuanzia jikoni hadi mlangoni. Walimnunulia mopu. Aliiegemeza ukutani, akasema hiyo inauhamisha uchafu tu.

"Mwambie mama yako aache," Pelagia alimwambia mumewe.

"Mwambie wewe. Si mnashinda wote?"

"Mimi nimwambie mama mkwe hajui kupiga deki? Isack, una akili kweli?"

"Basi, nita-talk naye weekend."

Wikiendi ikafika, Isack akaongea na mama yake habari za kanisa, za migomba, za ng'ombe aliyezaa. Za maji hakugusa. Jumatatu tanuri likazimika tena, na Elia akaamka makamasi yanamchuruzika.

Pelagia akaona hapana, adabu hii itamwulia mtoto. Fundi alipokwisha kuwasha na kuondoka, akasubiri tanuri likolee moto, kisha akamfuata mkwewe sebuleni. Isack alikuwapo, anajifanya anasoma simu.

"Mama, nisamehe. Yale maji ya deki yanaingia chini, yanazima moto. Ndiyo maana tunakufa baridi."

"Najua."

"Unajua?"

"Najua, Mama Elia. Wala si deki. Nauzima mimi mwenyewe, kwa kopo."

Damu ilimpanda Pelagia kichwani. Safari zote zile za fundi, makamasi yote yale, koti la kulalia! "Sasa Mama, kwa nini hukusema?"

"Niseme nini? Mwanangu amenisifia moto huu tangu uwanja wa ndege. Nije kwake, nile, nilale, halafu nimwambie moto wake mbaya?"

Akavua soksi ya mguu wa kulia. Katika nyumba ile hakuna aliyeingia na viatu, na siku ya pili tu baada ya kufika alikuwa amekatiza koridoni peku. Unyayo mzima ulikuwa umeungua miraba miraba, wavu wote umejichora kwenye nyama. Alikuwa ameufunga kitambaa, akavaa soksi, akawaambia ni baridi.

Isack alipiga magoti, akaushika ule mguu.

"Mama, pole. Pole sana. Jamani, ungeniambia!"

"Achana na mguu, unapona," mama alifoka, kwa mara ya kwanza tangu aje. "Mtoto yuko wapi?"

Wakageuka wote. Elia alikuwa koridoni, anatambaa kulifuata joto huku anacheka, kiganja kimoja kimenyooka juu ya wavu. Pelagia aliruka, akamnyakua. Akakifungua kile kiganja, akakigeuza, akakigeuza tena. Kilikuwa cha moto, lakini kizima.

"Unazima," alimwambia mumewe, mtoto amembana kifuani, "au nizime?"

Isack alilala kifudifudi pale sakafuni na kufunga gesi kwa mkono wake. Nyumba ikaanza kupoa saa ileile, na hakuna aliyelalamika.