Yokwe ya Lanwi

Wifi yangu Neiwan alishuka kwenye ndege akiwa na katoni la samaki wa kopo na tabasamu la mtu aliyekuja kuomba kitu. Alikuwa hajakanyaga kisiwani tangu kaka yake Lanwi, mume wangu, apotee na ngalawa katika bahari ya nje. Miaka yote hiyo alikuwa Arkansas, akikatakata kuku kiwandani. Nilijua anachotaka kabla hajafungua mdomo, na roho ikaniuma papo hapo.

"Yokwe, wifi," akanisalimu.

"Yokwe. Umenenepa."

"Na wewe umekauka kama samaki wa kuanikwa. Bado unalala chali kwenye ngalawa ukisikiliza maji?"

"Kwani kuna mwingine wa kuifanya hiyo kazi?"

Hakuna. Alinifundisha mama yake Neiwan, mkwe wangu, kwa kuwa binti yake mwenyewe kila akilazwa ndani ya ngalawa alikoroma. Kwetu neno lililojibiwa limeshafika, halina safari tena. Lisilojibiwa ndilo huhangaika. Hugonga visiwa vidogo vya mbali, likarudi, likagonga tena, na kila msimu wa mashelisheli hupita mahali palepale, mawimbi ya visiwa viwili yanapokutana. Mahali hapo tunapaita fundo. Ramani za njia za kwenda kwenye mafundo nimezifunga kwa vijiti vya makuti: gamba la simbi ni kisiwa, kijiti kilichopinda ni wimbi. Ukifika unalala chali, na kadiri mawimbi mawili yanavyochelewana mgongoni mwako, ndivyo unavyojua mwangwi wa neno hilo una misimu mingapi.

Zamani watu walinijia. Huyu anataka kumsikia bibi yake akiita kuku, yule anataka ushahidi kwamba mjomba alitukanwa kweli. Siku hizi wana simu, wanapigana picha wakila wali, basi.

Sharti ni moja tu: usijibu. Mwangwi ukijibiwa umepokelewa, haurudi tena. Ndiyo maana kila anayekwenda kwenye fundo hung'ata kipande cha tunda la mkadi, maana sisi hatuwezi kuiacha yokwe ianguke chini. Hata mkiwa na ugomvi, hata mdomo ukiwa umejaa wali, mtu akikwambia yokwe unaitika yokwe. Mtoto asiyeitika anakula kofi.

Mwangwi wa Lanwi uko kwenye fundo la Enejto. Asubuhi aliyoondoka aliniita kutoka majini, nami nilikuwa nakuna nazi, upepo ukaichukua sauti yake upande mwingine. Sikuisikia. Niliikuta baadaye, nikiwa nimekata tamaa kabisa: "Yokwe, Limo! Nafika nje mara moja, nibakizie shelisheli!" Basi. Kila msimu nilikwenda, nikang'ata mkadi, nikasikia, nikarudi nyumbani. Hatukujaliwa watoto. Mwaka mzima niliishi nikingoja maneno hayo machache, na sioni haya kusema.

"Nipeleke, wifi," Neiwan akasema tukila. "Ni kaka yangu wa tumbo moja."

"Wewe unajua kunyamaza? Tangu lini?"

"Kule kiwandani mashine zinanguruma kutwa. Siku nzima sisemi na mtu. Narudi chumbani, sisemi na mtu. Nimejifunza."

Alisema hivyo huku akichezea wali kwa vidole, bila kuniangalia. Nilimhurumia. Nikakubali, na moyoni nilikuwa sitaki.

Tulitoka maji yalipojaa, mashelisheli yakiwa yameiva. Neiwan alikaa mbele akilalamika kwamba kiuno kinamuuma, jua linamchoma, ngalawa inanuka. Nilipoona tumekaribia Enejto nilishusha tanga, nikalala chali. Wimbi la kwanza likanipita mabegani, la pili likachelewa, likaja kiunoni, kama kawaida yake. Nikampa Neiwan kipande cha mkadi.

"Ng'ata. Usikiachie mpaka nikuguse."

"Ndiyo, bosi."

Tukangoja. Kisha Lanwi akasema, karibu kabisa, kwa ile sauti yake ya mtu mwenye haraka: "Yokwe, Limo! Nafika nje mara moja..."

"Yokwe, kaka!"

Mkadi ulikuwa umemdondoka mapajani. Sauti ya Lanwi ilikatika hapohapo. Hata kwenye shelisheli haikufika.

"Umeniulia!" nikapiga kelele. "Umeniulia mume wangu mara ya pili!"

"Imenitoka, wifi! Amesema yokwe! Ningefanyaje?"

"Ungeng'ata! Nimekupa cha kung'ata!"

Alilia, akajifuta kwa kanga ya begani, akalia tena. Kisha akageuka, akanitazama.

"Msimu hadi msimu mtu anakusalimia," akasema polepole. "Limo, kwa nini hukumjibu?"

Nilipandisha tanga. Sikumwambia neno mpaka pwani, wala kesho yake. Alipopanda ndege aliniambia yokwe ya kuaga, nikaitika, maana mimi si mnyama, lakini niliitika nikitazama magurudumu. Baadaye alipiga simu dukani mara nyingi. Nikawaambia wenye duka wamwambie nimelala. Mwishowe simu zikakoma, nami nikaona nimeshinda.

Mashelisheli yakaiva tena. Nilikwenda Enejto kwa mazoea tu, kama miguu inavyompeleka mtu kwenye nyumba aliyokwisha kuhama. Nikang'ata mkadi, nikalala chali. Mawimbi yakaja moja baada ya jingine, nyuma yao kimya. Nilikuwa nainuka nipandishe tanga niliposikia sauti ya mwanamke, laini, karibu na sikio langu.

"Limo, kwa nini hukumjibu?"

Siku ile niliisikia kama tusi. Sasa nilisikia kwamba Neiwan alikuwa anauliza kweli, kwa huruma, na alikuwa anangoja jibu. Ningeweza kuuma meno. Sauti hiyo ingekuwa yangu kila msimu, ikiniita kwa jina mpaka nife, na hakuna wifi wa kunidondoshea mkadi. Nilijua hilo vizuri kuliko mtu yeyote kisiwani.

Nikautoa mkadi mdomoni.

"Kwa sababu ningebaki peke yangu, wifi," nikasema.

Maji yakapiga ubavuni mwa ngalawa. Nilingoja hadi yalipoanza kupwa, na hakuna mtu aliyesema kitu.