Kaye ya Papa Rashidi

"Kampuni iko maiti, Mama Malika! Tuuzishe tu, bon, tumalize!"

"Maiti? Sasa juu ya nini unakuja kuomba mifupa yake kwangu?"

Avenue nzima ikaangua kicheko. Mimi nikatua beseni langu la nguo. Ugomvi kama huo haupiti kila siku pale kwetu Mangobo.

Papa René, jirani yetu, ndiye mkubwa wa kampuni ya simu ya serikali hapa Kisangani. Wanunuzi watafika Ijumaa, na wamemwahidi kiti cha directeur, mkurugenzi, akiwaonyesha nyaya zinapopita chini ya ardhi. Ramani za ofisi zililiwa na mchwa. Imebaki moja tu: kaye, daftari la marehemu Papa Rashidi, mume wa Malika, fundi aliyezika nyaya hizo na kuandika kila kiungo kwa hatua za miguu yake. Toka mlango wa msikiti, hatua kumi na nne.

Na ni René huyo huyo aliyemfukuza kazi, kwa karatasi iliyobandikwa getini, asubuhi, wenzake wote wakiisoma. Rashidi hakuinua kichwa tena mpaka tulipomzika. Kwenye matanga, René alituma dereva.

"Wakinunua, batoto yetu batapata kazi," René alisema, sasa kwa sauti ya chini. "Fikiria batoto, mama."

"Siku ile ya karatasi nilifikiria yangu. Weye ulikuwa nyuma ya kioo cha ofisi, unaangalia."

"Basi unisamehe. Nipe ile kaye."

"Ngoja. Niko napika."

Malika akaingia uani. Tukasikia makaa yanapepewa, harufu ya liboke, samaki wa kufungwa majanini, ikatufikia. René akatugeukia akitabasamu, akapangusa viatu vyake kama mtu aliyekwisha kukalia kile kiti.

Malika alirudi na jalada la bluu la kaye mkononi. Tupu. Hata ukurasa mmoja haumo. Mimi nikajishika mdomo.

René akachungulia uani. Ndani ya mbabula, jiko la makaa, chini ya samaki na majani yake, karatasi ya mwisho ilikuwa inajikunja. Hatua za Rashidi zimekuwa jivu.

"Malika! Ijumaa nitawaambia nini?"

"Uwaambie kampuni iko maiti."

Akavuta kiti cha mumewe, akakifuta vumbi kwa pindo la kitenge.

"Karibu, Papa René. Samaki imeiva na kaye yako. Ingia, tukule."